Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Mazimwi, Maajabu na Ile Hadhara ya Oktoba

Ndugu Makamu Mwenyekiti, Ndugu Katibu, Mama Mweka Hazina, wazee wetu na ndugu wanachama, assalamu alaykum, Bwana Yesu asifiwe, hamjambo.

Nawashukuru mliofika. Tumehesabiana hapa 14, na chama chetu hiki cha kusoma hadithi za mazimwi na maajabu kina wanachama 43. Nitalirudia hilo.

Shughuli za mwaka mnazijua. Tulikutana mara 10. Tulisoma Adili na Nduguze ya mzee wetu Shaaban Robert, tukabishana mpaka magharibi juu ya mji uliogeuka mawe na wale ndugu wawili waliogeuzwa manyani. Tulisoma Mzimu wa Watu wa Kale na Kisima cha Giningi, vyote vya Muhammed Said Abdulla. Upande wa historia tulikuwa na msafiri Ibn Battuta wa Morocco, aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, na twiga wa Malindi aliyepelekwa China mwaka 1415. Wachina walimpokea kama qilin, mnyama wa heri waliyemjua kwa hadithi tu. Mada ya twiga niliiandaa mwenyewe kwa wiki tatu na ilihudhuriwa na watu 6.

Sasa niingie kwenye suala lililotugawa.

Mwezi Agosti kamati iliamua kwamba hadhara ya Oktoba, ile tunayokaribisha hata wasio wanachama, izungumzie popobawa, lile zimwi lenye mabawa ya popo linalosemwa huwavamia watu usiku majumbani mwao. Ukumbi ukalipiwa arubuni ya shilingi 70,000. Siku 9 kabla ya hadhara niliifuta mada, nikaweka hadithi ya Nunda Mla Watu, na kikao tukakifanyia barazani kwangu. Arubuni haikurudi. Sikuitisha kamati kwanza, na kwa hilo nimekwisha kuomba radhi mbele ya Katibu. Uamuzi wenyewe siuombei radhi.

Imesemwa kwamba chama cha mazimwi kinachomkwepa popobawa ni kama mvuvi anayeogopa maji. Imesemwa pia kwamba naogopa uchawi. Mimi mwaka 1995 nilikuwa naishi Unguja, mtaa wa Mwembetanga. Habari zilianzia Pemba, zikavuka bahari. Watu wazima waliacha vitanda vyao wakalala nje, mikeka imepangwa ukutani, moto umekokwa katikati, kila mtu akiogopa kulala ndani peke yake. Usiku mmoja alipita mtu amebeba mfuko mgongoni. Mmoja wetu akapiga kelele kwamba ule si mfuko, ni bawa. Vijana wakainuka na magongo. Nilikuwa miongoni mwao, na gongo nilikuwa nalo mkononi. Bibi mmoja jirani alisimama kwenye mkeka, kanga imemdondoka begani, akasema: "Siye. Huyu muuza kahawa, namjua mama yake." Yule mtu alikuwa amekwisha kuchuchumaa, mikono kichwani, vikombe vyake vimetawanyika chini. Tulimwokotea vikombe. Hakuna aliyemwomba radhi.

Mwaka ule ule, hapo hapo Unguja, mtu mwenye maradhi ya akili aliuawa na kundi lililomdhania kuwa ndiye popobawa. Hili si hadithi, liliandikwa.

Ndiyo sababu nikaleta Nunda. Hadithi hiyo ilikusanywa Unguja na mmisionari Mwingereza Edward Steere, ikachapwa London mwaka 1870. Mnaikumbuka: paka wa Sultani Majnun anakula ndama, Sultani anasema paka ni wangu na ndama ni wangu. Anakula mbuzi, jibu lile lile. Anakula watu, Sultani bado anamtetea, mpaka siku paka anapokula watoto wa Sultani mwenyewe. Hapo ndipo anaitwa nunda, naye amekwisha kuingia mwituni. Mtoto mdogo wa Sultani, aliyesalimika, anatoka kumtafuta. Kila anapoua mnyama anamburuta mpaka nyumbani akiimba kwamba amemuua nunda, na kila mara mama yake anamjibu kwamba siye. Anarudi na punda milia, siye. Anarudi na twiga, siye. Wanyama wote wale hawakuwa na kosa, ila kijana alikuwa hajamjua adui yake kwa sura. Niliposoma jibu la yule mama nilimsikia bibi wa Mwembetanga.

Ndugu zangu, nunda anakaa ndani ya hadithi, na hakuna jirani anayeweza kunyooshewa kidole kwa ajili yake. Popobawa ana watu waliopigwa kwa jina lake, na jamaa zao wako hai, wengine hapa hapa Tanga. Tumkaribishe mtaa mzima usiku, tuzime taa, tusimulie kwa madoido, halafu watu watawanyike vichochoroni? Siku tutakapokaa sisi wanachama, mchana, kumsoma kama historia, nitakuwa wa kwanza kufungua kitabu. Mjumbe mmoja ameandika kwamba mimi ndiye Sultani Majnun, nisiyesikia la mtu. Neno hilo limeniumiza, maana barazani kwangu usiku ule walikuja watu 31, hesabu kubwa kuliko kikao chochote cha mwaka huu, na hadithi ile niliichapa mwenyewe na nakala zote 40 nikazilipia mfukoni mwangu. Naomba hilo liingie kwenye kumbukumbu.

Hesabu ni hizi. Salio la mwaka jana 112,500, ada zilizolipwa 408,000, jumla 520,500. Matumizi: nakala za vitabu 118,000, chai na vitafunio 94,000, ukumbi pamoja na ile arubuni 120,000, nauli ya mgeni 45,000, rafu ya vitabu 60,000, jumla 437,000. Limebaki 83,500. Ada ni shilingi 24,000 kwa mwaka, yaani 2,000 kwa mwezi, na waliolipa ni 17. Wanachama 26 tunawadai 624,000. Kati yao wamo waliosema kwa sauti ya juu kuhusu arubuni ya 70,000. Mama Mweka Hazina amekwenda milangoni kwa miguu, anaambiwa njoo kesho, na ana umri wa kuheshimiwa.

Vitabu 4 vya chama havijarudi, pamoja na Adili na Nduguze yenye jalada la kitambaa. Aliyenayo airejeshe tu, hataulizwa.

Mwakani, Mungu akipenda, tunatarajia kwenda Machui alikozaliwa Shaaban Robert, na kumpata mtu wa kutusomea Alfu Lela u Lela kwa sauti. Rafu ina nafasi, vitabu tutaona. Kikao cha Januari ni barazani kwangu, saa kumi alasiri. Kitabu cha stakabadhi kitakuwa mezani.

Mwenyekiti