Salum, magazini ndiyo inayoamua

Thun, Jumapili jioni

Ndugu yangu Salum,

Salaam nyingi. Ama baada ya salamu, barua yako nimeipata na swali lako nimelielewa. Umewaona vijana kwenye treni wana bunduki begani kama mtu aliyebeba mwavuli, umesikia kwamba wakimaliza jeshi wanaondoka nazo, na sasa jirani yako hapo Biel anataka kukuuzia ya kwake. Unauliza kama mgeni mwenye kibali cha B, yaani cha ukaazi wa muda, anaruhusiwa kununua. Sheria ya Uswisi haikukatazi, ila jirani usimpe hata faranga moja kabla hujaimaliza barua hii.

Kwanza hao vijana wa kwenye treni. Bunduki walizobeba si mali yao, ni za jeshi. Ni Sturmgewehr 90, ambayo kiwandani inaitwa SG 550, na ikiwa mikononi mwa jeshi inaweza kumimina risasi mfululizo. Zamani kila askari alikuwa na kopo la risasi lililofungwa kwa lakiri kabatini kwake. Baada ya uamuzi wa 2007 makopo hayo yalikusanywa, kwa hiyo bunduki unayoiona behewani kwa kawaida ni tupu. Kijana anayetaka kubaki nayo mwisho wa utumishi lazima athibitishe kwamba katika miaka 3 iliyopita amepiga shabaha ya lazima ya mita 300 mara 2, na shabaha ya Feldschiessen, ile sherehe ya kila mwaka ya kulenga shabaha, mara 2. Lazima pia awe na kibali cha kununua silaha na alipe faranga 100. Kabla ya kumkabidhi, jeshi huifunga ile njia ya kumimina ili ibaki kutoa risasi moja kwa kila mvuto wa kifyatulio.

Hapo ndipo jirani yako anapoweza kukuingiza matatani bila nia mbaya. Sheria inaihesabu bunduki ya rashasha iliyogeuzwa kuwa ya risasi moja moja kama silaha iliyokatazwa, isipokuwa kwa yule aliyeipokea moja kwa moja kutoka ghala la jeshi. Msamaha huo ni wa mtu, si wa chuma. Kama bunduki ya jirani yako ni ya aina hiyo, kwake ni halali kabisa. Ikihamia kwako inakuwa silaha iliyokatazwa mpaka kantoni, yaani serikali ya jimbo, ikupe ruhusa ya pekee. Wauzaji wengi hawalijui hili, maana wao hawakuwahi kuihitaji ruhusa hiyo.

Sasa mafungu ya silaha, ambayo ni matatu.

La kwanza ni bunduki za kukoki kwa mkono, zile ambazo baada ya kila risasi unavuta mwenyewe bolti, kile chuma kinachofunga chemba. Humu wamo wazee wa jeshi la Uswisi, na mashuhuri kuliko wote ni Karabiner 31. Mswisi, au mgeni mwenye kibali cha C, yaani cha ukaazi wa kudumu, hahitaji kuomba ruhusa ya kuinunua. Wanaandikiana mkataba na muuzaji, nakala inapelekwa ofisi ya silaha ya kantoni ndani ya siku 30, na kila upande unatunza nakala yake miaka 10.

La pili ni za kibali cha kununua, ambacho kwa Kijerumani kinaitwa Waffenerwerbsschein. Zishike herufi zake, utaliona neno hilo kila dirisha. Bastola zimo humu, na zimo pia bunduki za mtindo wa kijeshi zilizotengenezwa tangu kiwandani ziwe za raia, yaani kila mvuto risasi moja, mradi magazini yake, yaani kile kikasha cha risasi kinachochomekwa, isizidi kiasi.

La tatu ni zilizokatazwa, za ruhusa ya pekee: rashasha, zilizogeuzwa kama hizo za jeshi, na zile za fungu la pili zikivikwa magazini kubwa. Jina lisikutishe. "Iliyokatazwa" huku maana yake ni kwamba mlango upo ila una bawabu.

Na bawabu mwenyewe anahesabu risasi. Kwa bunduki ndefu ya nusu otomatiki, inayotumia risasi yenye fataki katikati ya kitako cha ganda lake, mpaka ni 10. Kwa bastola ni 20. Chukua bunduki ya raia aina ya AR-15, au ndugu za zile ambazo polisi wa kwetu Tanzania wanaziita SMG. Ikiwa na magazini ya 10 iko fungu la pili. Ukiichomeka ya 30, chuma kilekile kimerukia fungu la tatu. Wala usidhani utaponea kwa kutoichomeka: ukiihifadhi magazini hiyo pamoja na bunduki yake, au ukizisafirisha pamoja, unahesabiwa kama umeichomeka. Magazini ya kawaida ya Sturmgewehr 90 inabeba 20, na ya babu yake, Sturmgewehr 57, inabeba 24. Kwa hiyo karibu kila kitu cha kijeshi kinachouzwa pamoja na magazini yake ya asili kinavuka mstari. Magazini za 5 na za 10 zipo madukani kwa bunduki nyingi. Nunua hizo, na zile kubwa anazokupa muuzaji kama nyongeza zikatae palepale.

Sheria hii ya magazini ni mpya kiasi. Baada ya mashambulizi ya Paris ya 2015 Umoja wa Ulaya ulikaza kanuni zake 2017, na Uswisi, kwa kuwa imo katika Schengen, ule umoja wa nchi zisizokaguana mipakani, ikalazimika kufuata. Vyama vya walenga shabaha vilipinga kwa nguvu zote, suala likapelekwa kwenye kura ya wananchi tarehe 19 Mei 2019, na asilimia 63.7 wakakubali. Kantoni iliyokataa ni Ticino peke yake. Kanuni zikaanza tarehe 15 Agosti mwaka huohuo. Kwa maoni yangu walenga shabaha walipiga kelele kuliko kilichowapata, kwa sababu ruhusa ya pekee kwa mtu wa michezo haina ugumu mkubwa. Anachotakiwa ni kuthibitisha, baada ya miaka 5 na tena baada ya miaka 10, kwamba ni mwanachama wa klabu au anapiga shabaha mara kwa mara. Mara kwa mara maana yake angalau siku 5 tofauti ndani ya miaka hiyo 5.

Haya, tuje kwako na kibali chako cha B, maana kinabadilisha mambo mawili.

La kwanza, ule mlango wa mkataba tu haukuhusu. Mgeni asiye na kibali cha C anahitaji Waffenerwerbsschein kwa silaha yoyote, hata hiyo Karabiner 31 ya enzi za mababu. La pili ndilo zito: lazima upeleke uthibitisho rasmi wa nchi yako ya uraia kwamba huko unaruhusiwa kuipata silaha hiyo. Hawaulizi tu kama wewe ni raia mwema, wanauliza kuhusu silaha yenyewe. Kwa Mtanzania karatasi hiyo inatafutwa upande wa Jeshi la Polisi, na nikuambie ukweli, kwa bunduki yenye sura ya vita sioni afisa wa kwetu akikimbilia kupiga mhuri. Hati ya tabia njema inayotolewa kwa alama za vidole haitoshi, kwa sababu haisemi lolote kuhusu silaha. Watu hukosea hapo, wakalipia hati, wakalipia tafsiri, halafu wakarudishwa dirishani.

Ikishindikana kuipata, usikate tamaa. Sheria inasema uthibitisho usipopatikana, au ukitiliwa shaka, kantoni inapeleka faili kwa ofisi kuu ya silaha ya polisi ya shirikisho, fedpol, nayo inaweza kutoa uthibitisho yenyewe. Kwa hiyo tunza kila barua uliyotuma nyumbani na kila jibu ulilopata, hata la kukataa. Zipo pia nchi ambazo raia wake wamezuiwa moja kwa moja, zikiwemo Serbia, Uturuki, Sri Lanka na Algeria. Tanzania haimo.

Maombi yenyewe ni mepesi. Unajaza fomu ya polisi ya kantoni ya Bern, unaambatisha nakala ya pasipoti na ya kibali chako cha ukaazi, na ada ni faranga 50. Wanaangalia kama umetimiza miaka 18, kama huna doa la jinai la aina inayozuia, na kama hakuna sababu ya kuhofia utajidhuru au kumdhuru mwingine. Kibali kinadumu miezi 6 na kinaweza kuongezwa miezi 3. Kwa kibali kimoja unaweza kuchukua hadi silaha 3, lakini kwa muuzaji mmoja na kwa mara moja. Ukichukua moja leo ukapanga kurudi kwa nyingine mwezi ujao, kibali kimekwisha kazi yake.

Ningekuwa wewe, mwaka huu nisingenunua kitu. Ningejiunga na klabu ya kulenga shabaha ya mita 300 nikatumia bunduki yao. Ila kabla ya siku ya kwanza waulize kama mgeni wa B anahitaji idhini yoyote kushiriki mazoezi ya shirikisho, yaani shabaha ya lazima na Feldschiessen, wao wanajua. Shabaha ya lazima ni risasi 20, alama za juu 85, na anayepata chini ya 42 au mwenye sifuri, yaani risasi zilizokosa, zaidi ya 3 hajafaulu. Feldschiessen ni risasi 18, alama za juu 72. Kushiriki ni bure na risasi ni bure, na kila mwaka wanajitokeza watu zaidi ya laki moja. Risasi za ruzuku unazopewa uwanjani zinapigwa palepale, na zinazobaki unazirudisha. Hata moja isiingie mfukoni, iwe umesahau au umetaka kumbukumbu. Masikio yafunike kabla hujaingia kibandani, si baada ya jirani kufyatua. Na kabla hujaondoka msimamizi ataangalia: bolti wazi, magazini imetoka, chemba tupu. Mwachie aangalie hata kama umeshaangalia mara tatu.

Kibali cha C kwa watu wa kwetu kwa kawaida kinakuja baada ya miaka 10, au 5 ukionyesha umeizoea nchi na lugha yake. Ukikipata, habari ya karatasi ya nyumbani inaisha. Hapo anza na Karabiner 31. Bolti yake huizungushi, unavuta nyuma kwa mstari mmoja na kusukuma. Inabeba risasi 6 za GP 11, za milimita 7.5, na mashindano ya mita 300 bado yanaipokea. Unapoikagua, linganisha namba za mtutu, mwili na bolti, ziwe za familia moja. Kitako cha mbao mara nyingi kimeliwa na theluji na misumari ya mabuti, hilo si kasoro ya kuikataa. Kinachoharibu shabaha ni mdomo wa mtutu uliolika kwa ufito wa kusafishia ulioingizwa kutokea mbele. Angalia mistari ya ndani pale mdomoni kama bado ina kingo kali. Fungua na bamba la chuma la kitako, kwa sababu kwenye nyingi utakuta kikaratasi chenye jina la askari aliyepewa zamani. Waswisi wanakithamini, usikitupe.

Nyumbani sheria haikulazimishi kununua sefu. Inasema tu itunzwe kwa uangalifu na asiifikie asiyehusika. Lakini nyumba ya Mswahili haikosi mgeni, na watoto wa mgeni hawabishi hodi kabatini, kwa hiyo sefu nunua. Ukija kuwa na ile ya fungu la tatu iliyogeuzwa, bolti yake inatolewa na kufungiwa mbali na bunduki. Njiani, bunduki kwenye begi lake, risasi kwingine, na magazini isiwe na risasi hata moja. Safari iwe ya kwenda uwanjani au kwa fundi na kurudi. Usipitie dukani Migros kununua mchele ukaiacha kwenye gari. Ikipotea, polisi wajue siku hiyohiyo.

Kuhusu jirani, muulize mambo mawili tu kwa sasa. Magazini inabeba ngapi? Na kwenye chuma kuna herufi P iliyogongwa? Hiyo ndiyo alama ya bunduki ya jeshi iliyokabidhiwa mtu binafsi, na ikiwepo kwenye Sturmgewehr ujue ni ile iliyogeuzwa. Akikupa majibu niandikie.

Nisalimie shemeji na watoto.

Wako,
Idrisa