Momela tunamtaja John Wayne tu, Hardy Krüger je?

Mhariri naomba nafasi kwenye gazeti letu niongee na wana Arusha, hasa wenzangu tunaopeleka wageni hifadhini. Ukipita Momela, kule Hifadhi ya Arusha, na wageni stori ni ileile, hapa ndo walishuti Hatari, ile muvi ya wakamata wanyama pori, na John Wayne, yule staa wa Marekani, alikuwepo hapa, basi, gari linasogea kwenye flamingo. Yule Mjerumani aliyecheza nae hatajwi kabisa, wakati yeye ndo aliyepapenda mpaka akanunua shamba palepale na kujenga loji na kuishi kwetu miaka ya 60 mpaka mwanzoni mwa 70. John Wayne kazi ilipoisha alirudi zake Marekani.

Anaitwa Hardy Krüger. Alizaliwa Berlin 1928, wazazi wake wafuasi wa Hitler kwelikweli, na alipofika miaka 13 wakampeleka shule ya bweni ya chama iliyobeba jina la Hitler mwenyewe, yani mtoto anapikwa aje kuwa kiongozi wa mambo yale. Akiwa na miaka 15 akachukuliwa kuigiza muvi ya propaganda iliyotoka 1944 na hukohuko lokesheni muigizaji mkubwa Hans Söhnker akamweka chini akamweleza ukweli, kwamba kuna makambi watu wanauliwa. Jamani fikirieni, wakati ule kusema maneno hayo mbele ya mtoto wa shule ya Hitler ni kuweka shingo yako rehani. 1945 akaingizwa SS, jeshi la chama cha Hitler, ana miaka 16 tu, akaamriwa awapige risasi askari wa Kimarekani akagoma, wakamhukumu kifo kwa uoga, ofisa mmoja ndo akaizuia ile hukumu, na baadae akatoroka.

Baada ya vita akaanzia jukwaani Hamburg na vipande vidogovidogo. 1957 Waingereza, ambao bado walikuwa na machungu ya vita, wakampa usteringi kwenye The One That Got Away, anaigiza rubani wa Kijerumani anayetoroka kifungoni, na watu wakampenda. Alafu ndo ikaja Hatari, ilishutiwa kwetu kuanzia mwishoni mwa 1960 kuingia 1961, hata uhuru bado, ikatoka 1962. Zile sini za kukimbiza faru na twiga waigizaji wenyewe wako juu ya magari, sio ujanja wa kompyuta wa siku hizi. Mwaka huohuo ikatoka picha ya Kifaransa aliyocheza, Les dimanches de Ville d'Avray, iliyokuja kuondoka na Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Zipo nyingine nyingi, The Flight of the Phoenix, Barry Lyndon, The Wild Geese, lakini mimi kinachonigusa ni A Bridge Too Far ya 1977, alicheza jenerali wa SS na kila wakisimamisha kushuti anavaa koti juu ya zile sare zisionekane. Mpaka uzeeni alikuwa anawaambia vijana wa Ujerumani waukatae unazi, akafariki Januari 2022 huko California ana miaka 93. Binti yake aliyezaliwa 1967 alimpa jina la Malaika.

Najua wapo watakaosema huyo ni mzungu wa shamba tu, na ardhi ile ina historia yake. Ni kweli kabisa. Wameru wa Ngare Nanyuki waliondolewa kwa nguvu 1951 na mwenzao Kirilo Japhet akaenda mpaka Umoja wa Mataifa 1952 kuidai ardhi yao, na hilo nalo mgeni asimuliwe akiwa amesimama palepale, maana tunalirukaga kama vile halikutokea.

Ombi langu ni kwa makumbusho yetu pale Boma na wahusika wa utalii mkoani. Wazee wa Momela, Ngare Nanyuki na Usa River waliofanya kazi kwenye ile muvi, waliojenga kambi, waliopika, waliokamata wanyama, aliyekuwa kijana wa miaka 20 wakati ule sasa hivi ni mzee wa 80 na kitu. Watafutwe na simu tu inatosha kuwarekodi, majina yao yaandikwe, alafu muvi ioneshwe Boma bure kwa wanafunzi na hao wazee wakae mbele wawaeleze nani alikuwa nani. Mimi niko tayari kujitolea gari na mafuta kuwazungukia huko vijijini, na madereva wenzangu wakitaka kuungana na mimi wanitafute Usa River.

Dereva wa watalii,
Usa River, Arusha