Vitabu vitatu kwenye kifurushi chako

Mwanangu mpendwa,

Sisi huku Magomeni hatujambo, wasiwasi ni juu yako tu uliye mbali. Barua yako nimeipata. Unasema Historia ni kukariri miaka na majina ya magavana, basi. Sikulaumu, daftari lako nililiona likizo iliyopita. Ndiyo maana humo kwenye kifurushi, chini ya sabuni na dawa ya meno, utakuta vitabu vitatu vinavyosimulia wavulana wa rika lako.

Anza na Peponi, riwaya ya Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar aliyepata Tuzo ya Nobeli mwaka 2021. Ida Hadjivayanis ameileta kwa Kiswahili, kwa hiyo usije ukanisingizia Kiingereza. Yusuf ana miaka 12. Kuna tajiri mmoja, Aziz, ambaye kila akija kwao hamwachi mtoto bila sarafu, na mtoto amelelewa akijua huyo ni ami yake. Siku moja anaambiwa wapande treni waondoke pamoja. Anawashangaa Wazungu pale stesheni, wala hajui kwamba baba yake amemweka rehani kwa sababu ya deni. Anakuja kuambiwa baadaye, dukani, na kijana mwenzake aliyewekwa pale kwa deni vilevile: huyu si ami yako. Nilipofika hapo nilikiweka kitabu kando kwanza.

Wewe uliye Tabora utakisoma vizuri kuliko mimi. Misafara kama ya Aziz ilipita hapohapo ulipo, ikitoka Bagamoyo kwenda Ujiji kufuata pembe, Wanyamwezi wakiwa wapagazi. Reli ya Mjerumani ilipofika Tabora mwaka 1912, mizigo ikahama mabegani. Utawasikia wafanyabiashara wakilalamika kwamba Mzungu anawabana, na huku majumbani mwao wameweka watoto wa watu rehani. Gurnah hamfichii mtu aibu yake. Na yote hayo unayaona kwa macho ya mtoto ambaye wakubwa hawamwambii kitu. Anaunga mwenyewe vipande anavyovisikia. Safari ya bara ni ndefu, kuna mahali utachoka, vumilia. Hadithi inaishia vita vya Wajerumani vilipoanza kunukia. Tabora nayo ilikuja kutekwa na Wabelgiji, Septemba 1916, pamoja na askari wao kutoka Kongo. Alichofanya Yusuf ukurasa wa mwisho sikuambii, nataka tukibishanie.

Viwili vilivyobaki ni vya Ngũgĩ wa Thiong'o, na hivyo ni kwa Kiingereza, kaa na kamusi. Si riwaya, ni maisha yake mwenyewe huko Limuru, Kenya, alikozaliwa mwaka 1938 katika boma la baba mwenye wake wanne na watoto 24. Dreams in a Time of War ndicho cha kwanza. Mama yake, Wanjiku, hakusoma, lakini ndiye aliyemuuliza kama anataka shule, na kila akirudi na alama swali lilikuwa lile lile: hapo ndipo mwisho wa uwezo wako? Hata akipata zote. (Usicheke, mimi nimeanza kulitumia.) Kaka yake anaingia msituni kwa Mau Mau, wale waliopigana na mkoloni, na mdogo mtu anaendelea na mitihani.

Cha pili, In the House of the Interpreter, kina kurasa nyingi mno za mwalimu mkuu, lakini mwanzo wake usiuruke. Ni Aprili 1955, mvulana anarudi likizo baada ya muhula wake wa kwanza wa bweni. Anafika kwao, nyumba hazipo, kumebaki vifusi. Serikali ya mkoloni imewahamishia watu wote kwenye kijiji cha kulindwa. Hakuna aliyemwandikia kumwambia. Kwenye kitabu chako cha shule hilo ni neno moja tu, "Hali ya Hatari, 1952", na nyota pembeni kwamba hutoka mtihanini.

Likizo ya Juni utashukia Morogoro kwa babu. Usianze kumuuliza habari za ukoloni, atakutolea hotuba kama ya Mei Mosi. Muulize alikuwa akilala wapi alipoanza darasa la kwanza, nani alimlipia ada, na nani kati ya ndugu zake hakupelekwa shule. Andika kwenye daftari lile lile la Historia, nyuma kuna kurasa hujazigusa.

Nauli nimeikunja ndani ya Peponi, kwa hiyo usimwazime mtu kabla hujaifungua.

Mama yako