Salamu za Shukrani: Mzee Wetu, Mwalimu wa Uchumi

Kwa ndugu, jamaa, majirani na marafiki wote,

Tumempumzisha mzee wetu nyumbani Maseno, na haifai tutawanyike kabla ya kuwaambia asante. Mliokesha nasi, mliotuma mchango, mliosafiri usiku kutoka Nairobi, Eldoret na Kampala, hatuna cha kuwalipa. Mungu ndiye atakayewalipa. Tunawashukuru pia madaktari na wauguzi waliomhudumia Kisumu, akina mama wa kanisa walioshika jiko tangu siku ya kwanza, na vijana wa bodaboda waliobeba wageni kutoka barabarani bila kudai nauli.

Wengi mlimjua kama profesa. Alisomea uchumi Makerere, siku ambazo Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki kilikuwa bado kimoja, kabla ya kugawanyika mwaka 1970. Alikuwa mhadhiri kijana Nairobi mwaka 1972, Shirika la Kazi Duniani lilipotoa ripoti kwamba fundi wa jua kali na mama muuza mboga wanafanya kazi halali, na kwamba serikali iache kuwahangaisha. Ripoti hiyo aliifundisha mpaka akastaafu. Lakini hakutaka mwanafunzi aikariri. Alimtuma sokoni akahesabu mwenyewe.

Naye alihesabu. Jumapili baada ya ibada alipita soko la Kibuye na daftari, akiuliza bei ya gorogoro (mkebe wa kupimia) ya mahindi, ya maharagwe, ya omena. Tulipofungua sanduku lake kutafuta hati, tuliyakuta madaftari hayo. Kwenye kurasa za 1993, mfumuko wa bei ulipopita asilimia 40, bei ya mahindi kwa muuzaji mmoja haikusogea wiki kadhaa. Pembeni mzee ameandika: "Bei ile ile, gorogoro imebonyezwa chini." Huyo ndiye baba tuliyemjua, mtu wa kuangalia mpaka tako la mkebe.

Ndiyo maana akina mama wa Kibuye waliposhuka kwenye matatu na magunia yao ya mchele, machozi yalitutoka. Mmoja wao alisimama akaeleza jinsi Mwalimu alivyomfundisha kutenga pesa za mtaji na pesa za nyumbani, na kwamba kwa hesabu hiyo amesomesha watoto wake wote. Sisi tuliomzika hatukuwa tumelisikia hilo. Asante sana mama, umetuongezea baba.

Wanafunzi wake mliobeba jeneza, tumewaona. Mama amesema nyumba hii ni yenu, msingoje msiba kuja.

Madaftari tunayapeleka kwenye maktaba ya chuo, yasomwe. Hesabu ya michango imesomwa mbele ya kamati ya mazishi: kilichobaki baada ya kulipia hema, chakula na gari kitalipa karo ya wajukuu walio sekondari. Anayetaka kuiona orodha amwendee mweka hazina.

Mungu awabariki sana.

Mama, watoto na wajukuu
Maseno