Kwako wifi: weusi ule wa kichwani haukuwa ugonjwa

Wifi, assalaam aleikum.

Arubaini imepita, watu wamerudi makwao, na mimi na wewe tumepakua pilau kwenye sinia moja bila kutazamana. Kitenge ulichonitumia nimekipokea, ahsante. Lakini lile jambo bado limekaa baina yetu kama lilivyokuwa usiku ule barazani, Ngamiani, ulipoinua kwenye taa picha ya PET, ile ya kutazama saratani ya kaka, ukaweka kidole kichwani mwake: "Mnaona weusi huu? Umeshafika kwenye ubongo." Kidole kikashuka hadi kibofuni: "Na huku." Kaka mwenyewe kakaa pale pale mkekani. Mama akaacha kuhesabu tasbihi.

Kidole kile sijakisahau.

Dawa waliyomchoma Nairobi inaitwa FDG. Ni glukosi iliyofungwa fluorini-18, na mionzi yake hupungua nusu kila baada ya dakika 110 hivi. Seli huipokea ikidhani ni sukari ya kawaida, huanza kuigeuza, kisha hushindwa kuendelea nayo, nayo hunasa humo humo. Mashine huchora pale iliponasa. Haijui saratani, wifi. Inamjua mla sukari. Na ubongo ndio mlafi wa kwanza mwilini. Ubongo mzima, usio na kasoro, hutoka mweusi tii katika picha ile. Figo nazo haziirudishi FDG kwenye damu kama zinavyorudisha sukari ya chakula, hivyo hushuka na mkojo. Ndiyo maana mgonjwa huambiwa akakojoe kabla ya kupanda kitandani, na bado kibofu hutoka cheusi. Moyo hubadilika, leo mweusi, kesho hafifu. Kichwa cheupe ndicho kingekuwa cha kupigia ukunga.

Ule weusi wa mabegani, kulia na kushoto sawia, ni mafuta ya kahawia yanayochoma sukari ili kuupa mwili joto. Nairobi ya mwezi wa saba, mtu wa Tanga, shati la mikono mifupi. Nilikwambia mchukulie sweta.

Na uti wa mgongo? Ulisema umeingia mifupani. Ule ulikuwa umekolea kidogo, sawasawa toka juu hadi chini, kwa sababu alikuwa amedungwa filgrastim za kupandisha chembe nyeupe, na uboho ulikuwa kazini. Saratani ikiingia mifupani mara nyingi huja madoa madoa, hapa lipo, pale hakuna.

Haki yako nakupa. Siku ile alifunga saa sita kamili, maji matupu, ulimnyima hata chai ya maziwa, na sukari yake kabla ya sindano imeandikwa 5.4. Wengi huharibikiwa hapo. Mtu akila, insulini husukuma FDG kwenye misuli, misuli ikawaka, uvimbe ukafifia. Ikizidi 11 kwa kawaida humrudisha siku nyingine. Na ulimtuliza ile saa nzima ya kungoja, hakutembea, hakuongea. Hakuna ambaye angemlea vile, najua.

Ila namba. Ulisoma kwa sauti, "kumi na tatu nukta mbili," watu wakashika vichwa. Ungesoma na neno lililo mbele yake! Imeandikwa tezi ya shingo SUV 1.9, *awali* 13.2. Hiyo 13.2 ni ya kabla ya kemo, zile dawa za saratani.

SUV ni hivi: kipimo alichodungwa ukigawe kwa uzito wake, unapata kiasi ambacho kila gramu ingepata kama dawa ingeenea mwili mzima sawasawa, kama chumvi kwenye mchuzi. Penye kiasi hicho ni 1. Penye mara tano yake ni 5. Sasa wewe ulimtajia fundi kilo 75, uzito wa siku za harusi yenu, nao ukaandikwa, wakati mzani wetu ulisema 62. Kwa hiyo kila SUV ya siku ile imepanda kwa asilimia 21. Kwa bahati haikuharibu jibu, maana kwa limfoma, saratani ya tezi kama yake, hawatazami namba peke yake, wanailinganisha na mwili wa mgonjwa mwenyewe. Damu ya kifuani ilisoma 2.1, ini 2.8, kosa la uzito limezipandisha zote kwa pamoja. Ngazi zenyewe ni tano, zinaitwa za Deauville, mji wa Ufaransa walikokutana wataalamu mwaka 2009. Moja, hakuna kilichobaki kuwaka. Mbili, haizidi damu ya kifuani. Tatu, imezidi damu lakini haijapita ini. Nne imepita ini, tano imelipita mbali au pametokea pengine papya. Na hata nne si hukumu: kifua kikuu huwaka, usaha huwaka, palipopigwa mionzi huwaka, ndiyo maana baada ya mionzi watu hungoja hadi wiki 12 kabla ya kupima tena. Upande wa pili, kitu kilicho chini ya sentimeta moja chaweza kujificha.

Kaka alikuwa mbili.

Sisemi angepona. Mbili katikati ya tiba ni dalili njema, si hati. Ila mzunguko wa tatu ulipofika mlikuwa Pangani kwa yule mzee, mkarudi baada ya wiki saba, na tezi zimeshajaa tena. "Ugonjwa umeenea, kemo ya nini?" uliniambia. Ukaniuliza pia mbona sikukwambia mapema, nami ndiye ninayeshinda na picha hizi kazini.

Nilikwambia! Usiku ule ule nilikutumia sauti ya dakika saba. Nimeisikiliza tena jana. SUV, damu ya kifuani, ini, ngazi ya pili, filgrastim, yote yamo, kwa mpangilio, hakuna kosa hata moja. Maneno "dawa inafanya kazi" hayamo.

Bahasha ya kahawia iko juu ya kabati lako. Niletee Ijumaa, au mpe bodaboda.