Harry Dean Stanton hakusota akisubiri bahati

Ndugu Mhariri,

Katika ukurasa wenu wa burudani wa Jumamosi iliyopita mlichapa makala kuhusu filamu ya Alien ya mwaka 1979, pamoja na picha kubwa ya wafanyakazi wa kile chombo cha angani. Pembeni kabisa, upande wa kulia, alisimama bwana mmoja mwembamba mwenye kofia, ambaye mkasi wa mpangaji kurasa wenu ulimpitia katikati ya uso akabaki na jicho moja na nusu ya pua. Maelezo ya chini ya picha yaliwataja waigizaji watatu na kumalizia kwa maneno "na wengineo". Hilo ningelisamehe, kwa kuwa nafasi ya gazeti ni finyu, lakini ndani ya makala mwandishi wenu aliongeza kwamba bwana huyo, Harry Dean Stanton, "alisota miaka thelathini akisubiri bahati". Naomba nafasi niipinge sentensi hiyo.

Miaka thelathini yenyewe sibishani nayo. Stanton alianza kuonekana kwenye televisheni ya Marekani mwaka 1954, na nafasi yake ya kwanza kubwa, ile ambayo sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video tungemwita steringi, aliipata katika Paris, Texas ya mwaka 1984, akiwa na umri wa miaka 57. Ninachokikataa ni hilo neno "kusota". Anayesota ni mtu asiye na kazi, na huyu alikuwa kazini karibu kila mwaka, akiingia kwa mlango wa nyuma, akitoka kabla ya nusu ya filamu, mara nyingi akiwa maiti.

Alizaliwa tarehe 14 Julai 1926 huko West Irvine, jimbo la Kentucky, mtoto wa mkulima wa tumbaku aliyekuwa pia kinyozi. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alikuwa mpishi wa jeshi la majini, kwenye meli ya kushushia vifaru ufukweni, na alikuwepo katika mapigano ya Okinawa. Baada ya vita alisoma Chuo Kikuu cha Kentucky, akaonja jukwaa, kisha akaelekea California kujifunza uigizaji katika Pasadena Playhouse. Kutoka hapo alimezwa na tamthilia za kikauboi za televisheni, Gunsmoke, Rawhide na nyinginezo, zilizokuwa zikitengenezwa kwa wingi na ambazo kila juma zilihitaji mtu mwenye uso wa njaa wa kupigwa risasi. Wakati huo jina lake liliandikwa Dean Stanton tu, kwa sababu palikuwa na mwigizaji mwingine aliyeitwa Harry Stanton na haikufaa wachanganywe. Hata jina lake, basi, alianza nalo nusu.

Shule yake ya kweli, kwa maoni yangu, ilikuwa Ride in the Whirlwind, filamu ndogo ya kikauboi ya mwaka 1966. Mwandishi wake alikuwa rafiki yake Jack Nicholson, ambaye Stanton alimsimamia ndoa yake mwaka 1962. Nicholson alimpa nafasi ya mkuu wa genge la majambazi, mwenye kitambaa jichoni, na akampa ushauri ambao Stanton aliusimulia mpaka uzeeni: usifanye chochote, yaache mavazi yaigize. Ukisikia haraka utadhani ni mzaha. Lakini tazama filamu zetu wenyewe, Ndugu Mhariri, jinsi jambazi anavyotoa macho, anavyokunja ndita na kunguruma ili tusije tukasahau kwamba ni jambazi, ndipo utakapoona ilivyo vigumu mtu kusimama mbele ya kamera, akavaa kitambaa chake jichoni, na kutulia.

Wasomaji wengi wa rika langu wameiona The Green Mile ya mwaka 1999, ile ya gereza la waliohukumiwa kufa. Ukiwauliza, watakutajia lile pande la mtu, John Coffey, lililoigizwa na Michael Clarke Duncan, kisha Tom Hanks, na pengine yule panya. Waulize ni nani aliyeketi kwenye kiti cha umeme siku ya mazoezi. Ni Stanton, akiigiza kizee mfungwa aitwaye Toot-Toot, ambaye askari humketisha mahali pa mhukumiwa ili wafanye majaribio. Wanamfunga mikanda ya mikono na miguu, wanamuuliza kama ana neno la mwisho, naye anaropoka wosia wa kipuuzi mpaka askari wanapasuka kwa kicheko na mkuu wao kulazimika kuwakemea. Ni dakika chache tu. Lakini katika kucheka huko tumekwisha kuonyeshwa kila mkanda unakwenda wapi na nani anasimama wapi, kwa hiyo siku kiti kinapokaliwa na mtu wa kufa kweli, hakuna tena haja ya kuelezwa kitu, na kile kicheko cha mwanzo kinatusuta.

Sasa nirudi kwenye Alien, maana ndiyo iliyoleta ugomvi. Mle Stanton ni Brett, fundi wa chini kabisa, na mwenzake ni Parker, aliyeigizwa na Yaphet Kotto. Wengine wanazungumzia sayari na ishara za ajabu; mafundi hawa wawili wanazungumzia mgawo wao wa malipo, ambao ni mdogo kuliko wa wenzao. Brett karibu hasemi neno zaidi ya "sawa", kila Parker anapofungua kinywa, hata wenzake wanamtania kwa hilo. Kwa huyo mmoja na mwenzake, chombo cha angani kinageuka karakana, mahali pa jasho na manung'uniko tunapopajua. Kisha anatumwa kumtafuta paka. Anaingia peke yake katika ukumbi wenye minyororo inayoning'inia na maji yanayodondoka kutoka juu, anamwita paka kwa sauti ya mtu aliyechoka, anasimama, anainua uso na kuyaacha maji yamdondokee usoni, kama afanyavyo kibarua yeyote anayeiba dakika moja ya kupoa kabla ya kurudi kazini. Hapo ndipo lile dubwana la angani linapomshukia na kumuua. Nimeona watu wengi wakifa kwenye filamu za kutisha. Huyu ndiye aliyeniuma, na kilichoniuma ni yale maji.

Ni haki nikiri kwamba mwandishi wenu ana punje ya ukweli mkononi. Stanton mwenyewe alichoka. Alipokutana na mwandishi wa michezo ya kuigiza Sam Shepard huko New Mexico, alimweleza kwamba amechoshwa na aina ya nafasi anazopewa na anatamani kitu chenye uzuri na hisia ndani yake. Mazungumzo hayo yakamletea nafasi ya Travis katika Paris, Texas, filamu iliyoongozwa na Mjerumani Wim Wenders na kutwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la Cannes, mwezi Mei 1984. Lakini angalieni alichokifanya alipoipata nafasi kubwa. Kwa zaidi ya dakika ishirini za mwanzo anatembea, anatazama na kunywa maji, hatamki neno. Na tunapofika kwenye kilele, katika kile chumba kidogo cha Houston ambamo mteja humwona mwanamke kupitia kioo na mwanamke hamwoni mteja, Travis anakigeuza kiti, anampa mgongo mke wake wa zamani aliyepotezana naye, na kwa simu anamsimulia habari za watu wawili aliowahi kuwajua, polepole, bila kupandisha sauti, mpaka upande wa pili wa kioo Nastassja Kinski anaanza kutambua habari ni za nani. Steringi gani mwingine angekubali kuutoa mgongo wake kwenye tukio kubwa kuliko yote maishani mwake? Huo ni mkono wa mtu aliyekaa pembeni miaka thelathini akijifunza kwamba mtazamaji humsogelea anayenyamaza.

Na baada ya hapo? Kama kweli alikuwa akisubiri bahati, tungemwona aking'ang'ania mbele. Alirudi kulekule pembeni. Mwaka 1999, mwaka uleule wa kiti cha umeme, alikubali kuonekana katika The Straight Story ya mwongozaji David Lynch kwa dakika chache za mwisho tu. Filamu nzima tumekuwa na mzee Alvin, aliyeigizwa na Richard Farnsworth, akisafiri karibu kilomita 390 kutoka Iowa hadi Wisconsin juu ya mashine ya kukatia nyasi, kwenda kumwona ndugu yake mgonjwa ambaye wamenuniana miaka kumi. Ndugu huyo ndiye Stanton. Anatoka ndani akijikongoja, wanaketi barazani, anaitazama ile mashine, kisha anauliza kama ni kweli ndugu yake amekuja nayo hiyo umbali wote ule kwa ajili ya kumwona yeye. Alvin anajibu kwamba ndivyo. Macho ya Stanton yanalengwa na machozi, basi. Angekosea pale, safari ya saa mbili ingekuwa bure, na wala hakuwa na tukio la pili la kujirekebisha.

Kwenye televisheni vilevile. Kuanzia mwaka 2006, akiwa anakaribia miaka 80, alikuwa Roman Grant katika Big Love, mzee anayejiita nabii wa jumuiya ya wake wengi, mwenye tabasamu laini linalotisha kuliko bastola. Na katika Twin Peaks ya mwaka 2017, akiwa mzee wa kijiji cha nyumba za magurudumu, anashuhudia mtoto akigongwa na gari lililokimbia. Watu wamesimama kando ya barabara wameduwaa, yeye peke yake ndiye anayevuka, akamwendea mama na kumwekea mkono begani.

Mhakiki Roger Ebert wa Chicago aliwahi kuweka kanuni ya nusu mzaha kwamba filamu yenye Stanton au mwigizaji mwenzake M. Emmet Walsh katika nafasi ya kando haiwezi kuwa mbovu kabisa. Baadaye alikiri kwamba Dream a Little Dream ya mwaka 1989 imeivunja kanuni hiyo waziwazi, nami niliyeitazama namuunga mkono. Kwa Oscar, Stanton hakuwahi hata kuteuliwa. Pengine hilo ndilo mwandishi wenu alilolipima, ingawa kwa kipimo hicho nusu ya mafundi wa fani hii watakuwa walisota.

Alifariki Los Angeles tarehe 15 Septemba 2017, akiwa na miaka 91. Wiki mbili baadaye ikatoka Lucky, ambamo yeye ndiye wa mbele kwa mara nyingine, akiigiza mzee aliyewahi kuwa mpishi wa meli ya kivita. Kuna tukio mle analoketi mgahawani na askari mwingine mstaafu, wanakumbushana vita ya Pasifiki. Yule mwenzake ni Tom Skerritt, aliyekuwa nahodha wake katika Alien miaka 38 kabla. Skerritt mlimtaja kwenye maelezo ya picha yenu, na anaonekana uso mzima.

Kwa hiyo ombi langu ni dogo. Mkiichapa tena picha ile, mpunguzeni mtu wa kushoto.

Msomaji wenu wa siku nyingi,
Tanga