Kwa Mwenyekiti wa World Rugby, shirikisho la raga duniani: miezi 36 ni mingi mno

Mheshimiwa Brett Robinson,

Wewe mwenyewe uliichezea Australia, kwa hiyo uzito wa jezi ya taifa unaujua. Nakuandikia kuhusu jezi ya pili, ile ya nchi ya mama au baba.

Tangu 1 Januari 2022 kanuni zenu zinamruhusu mchezaji kuhama timu ya taifa mara moja tu, kwenda alikozaliwa yeye, mzazi, babu au bibi yake, mradi awe amekaa miezi 36 bila kucheza mechi ya kimataifa. Hapo mlifanya jambo la maana. Tonga ilimpata Charles Piutau.

Lakini ilimpata lini? Piutau alizaliwa Auckland, wazazi wake ni Watonga. Aliichezea All Blacks, timu ya taifa ya New Zealand, mechi 17, ya mwisho mwaka 2015. Kaka yake Siale alikuwa nahodha wa Tonga. Wawili hao walicheza pamoja Bristol, huko Uingereza, wakilipwa na klabu, ila kwa Tonga hawakuwahi kushuka uwanjani pamoja. Siale aliaga baada ya Kombe la Dunia la 2019. Charles alifika 2022, akiwa na miaka 30.

Kizuizi kile cha kabla ya 2022, cha kumfunga mchezaji kwa nchi aliyoichezea kwanza, kimeondoka; hiki cha miezi 36 bado kipo. Chukua kijana aliyeingizwa kutoka benchi dakika tano za mwisho, mwishoni mwa Novemba 2024, kisha asiitwe tena. Atakuwa huru mwishoni mwa Novemba 2027. Kombe la Dunia kule kwenu Australia litakuwa limekwisha. Asubiri 2031, kama magoti yatakubali!

New Zealand na Uingereza hazipotezi kitu, zilishachagua kwanza. Wanaopoteza ni Tonga, Samoa, na hata sisi Wakenya, ambao Simba wetu, timu ya taifa ya raga ya wachezaji 15, hawajawahi kufika Kombe la Dunia na watoto wetu wengi wanakulia ughaibuni.

Mnahofia wachezaji watanunuliwa. Sawa, ila sharti la kuhama mara moja tu linatosha kuwazuia. Kwa nchi ya mzazi, punguzeni iwe miezi 12. Kwa babu na bibi ibaki 36, sina ugomvi.

Baraza lenu likiamua kabla ya vikosi vya 2027 kutajwa, kijana yule wa dakika tano bado anaweza kwenda Australia na timu ya mama yake.

Wako,
Shabiki wa raga, Nairobi